Mcheza Ugenini

Wahenga walinena kuwa mcheza kwao hutunzwa. Maana yake haihitaji mwalimu. Mtu anapoingia uwanjani kucheza ngoma mbele ya shangazi na wajomba zake, hata mguu ukikosea mdundo atapigiwa vigelegele na kutuzwa, kwa sababu wanaomtazama wanajua alikotoka na wanamtakia mema. Lakini shilingi ina pande mbili. Methali inatueleza habari za mcheza kwao, nayo inanyamaza kuhusu mcheza ugenini. Huyo hutunzwa na nani? Na je, ngoma anayoicheza ni ya nani?

Maswali haya mawili ndiyo ninayotaka tuyatafakari pamoja, msomaji wangu, kwa kuyafuata maisha ya mtu mmoja aliyecheza ugenini karibu umri wake wote. Jina lake ni Earl Cameron, mwigizaji wa Uingereza mzaliwa wa Bermuda. Wengi hawatalitambua jina hilo. Sura yake, hata hivyo, yamkini mmeiona, tena zaidi ya mara moja, na baadaye nitawaonyesha ni wapi.

Tulipokuwa vijana tuliwagawa watu wa kwenye filamu katika mafungu mawili. Kulikuwa na stelingi, na kulikuwa na wengine wote. Stelingi hafi, risasi hazimpati, na mwisho wa picha ndiye anayebaki amesimama. Hao wengine hatukujishughulisha kujua majina yao. Cameron alikuwa miongoni mwa hao wengine. Alikuwa daktari, dereva wa teksi, balozi, kapteni wa jeshi, ndugu wa marehemu, msaidizi wa jasusi. Aliingia, akasema maneno yake, akatoka, na hadithi ikaendelea kumfuata mtu mwingine.

Historia ya sinema aghalabu huandikwa kwa kuwafuata mastelingi. Mimi, niliyefundisha historia na kuwafundisha walimu kwa miaka mingi, nimefikia kuamini kwamba tukitaka kujua jamii fulani iliwafikiriaje watu wa namna fulani, hapana budi tumwangalie msaidizi. Stelingi mwandishi humfikiria usiku na mchana, humpa kasoro zake, utani wake na ndoto zake. Msaidizi huandikwa haraka haraka, na kinachoandikwa haraka ni yale ambayo kila mtu anayaamini tayari bila kuyapima. Kwa hiyo maisha ya kazi ya mwigizaji msaidizi mweusi nchini Uingereza ni kama daftari la mahudhurio ya mawazo ya Waingereza juu yetu, mwaka hadi mwaka.

Earl Cameron alizaliwa tarehe 8 Agosti 1917 huko Pembroke, Bermuda, kisiwa kidogo cha Bahari ya Atlantiki kilichokuwa, na hadi leo kingali, chini ya Uingereza. Baba yake alikuwa mwashi wa mawe, naye alifariki mtoto akiwa bado mdogo. Kijana alipopata nguvu akaingia kazi ya ubaharia katika meli za biashara. Mwezi wa Oktoba 1939, majuma machache tu baada ya Vita Kuu ya Pili kuanza, alijikuta London, bila kazi na bila ndugu. Kazi kwa mtu mweusi zilikuwa adimu. Aliyoipata ni ya kuosha vyombo.

Aliingia katika uigizaji kwa mlango wa uani. Katika miaka ya mwanzo ya vita rafiki yake alikuwa na kijinafasi katika mchezo wa kuigiza wa muziki ulioitwa Chu Chin Chow, uliokuwa ukionyeshwa upya mjini London. Baadhi ya waigizaji hawakufika, watu wakahitajika upesi, na Cameron akachukuliwa. Hakuwa amesomea fani hiyo. Alitaka tu kuondoka kwenye beseni la vyombo. Mwaka 1942 alipata nafasi yenye maneno katika mchezo mwingine, na tangu hapo akawa mtu wa jukwaani.

Hapa kuna jambo ambalo mwalimu hawezi kulipita. Cameron alikwenda kujifunza matamshi na matumizi ya sauti kwa mwanamke mmoja mzee aliyeitwa Amanda Aldridge. Bibi huyu alikuwa binti wa Ira Aldridge, Mmarekani mweusi aliyezaliwa mwaka 1807 na kuvuka bahari kwenda Ulaya, kwa kuwa kwao jukwaa halikuwa na mahali pa mtu kama yeye. Huko Ulaya aliigiza tamthilia za Shakespeare na kusifiwa hadi Urusi, akafariki mwaka 1867. Amanda alizaliwa mwaka mmoja tu kabla ya kifo cha baba yake. Alikuwa mwimbaji na mtunzi wa muziki, kisha akawa mwalimu wa sauti, na miongoni mwa waliopita mikononi mwake ni Paul Robeson na Marian Anderson. Hebu fikiri: mtu aliyezaliwa mwaka 1807 na mtu aliyefariki mwaka 2020 wanaunganishwa na mwalimu mmoja. Tunaposema kwamba ualimu ni mnyororo hatusemi maneno ya kupamba risala ya mahafali. Majina ya walimu hayaandikwi kwenye mabango ya sinema, lakini sauti inayosikika ni kazi ya mikono yao.

Mwaka 1951 Cameron alipata nafasi iliyomtambulisha. Filamu iliitwa Pool of London, nayo iliongozwa na Basil Dearden. Aliigiza kama Johnny, baharia kutoka Jamaika ambaye meli yake imetia nanga London kwa siku chache. Anakutana na msichana wa Kizungu aliyeigizwa na Susan Shaw, anayeuza tiketi kwenye jumba la michezo. Wanatembea pamoja, wanazungumza, wanapendezwa, na basi. Hadithi haithubutu kwenda mbele zaidi. Kwa macho ya leo ni jambo dogo. Kwa mwaka 1951 lilikuwa kubwa, kwa sababu sinema ya Uingereza haikuwa na mazoea ya kumwonyesha mwanamume mweusi akiwa mtu mwenye moyo, aibu na matumaini, wala ya kumweka karibu hivyo na mwanamke wa Kizungu. Cameron aliicheza nafasi ile kwa upole usiokuwa wa kujidhalilisha, na tangu siku hiyo upole huo ukawa alama yake.

Mtu angetarajia kwamba baada ya hapo milango ingefunguka. Haikufunguka. Kwa wenzake weupe, filamu moja nzuri ilikuwa ngazi ya kupandia. Kwake ilikuwa kituo, kisha akarudi kusubiri mtu mwingine aandike hadithi yenye mtu mweusi ndani yake. Mwandishi asipotaja kwamba mhusika ni mweusi, hakuna aliyefikiria kumpa Cameron. Kwa hiyo nafasi zake zilitegemea habari za magazeti. Afrika ikiwaka moto, aliitwa. Ikitulia, alikaa nyumbani.

Na katika miaka ya 1950 sehemu ya Afrika iliyokuwa ikiwaka moto ilikuwa ya kwetu.

Mwezi wa Oktoba 1952 serikali ya kikoloni ilitangaza hali ya hatari nchini Kenya. Mwaka 1955, vita vya Mau Mau vikiwa bado vinaendelea, Waingereza walitoa filamu iliyoitwa kwa neno letu wenyewe, Simba. Mwongozaji alikuwa Brian Desmond Hurst, na mastelingi walikuwa Dirk Bogarde na Virginia McKenna. Picha za mandhari zilipigwa Kenya, lakini waigizaji wakuu walifanya kazi yao katika studio za Pinewood, karibu na London. Cameron aliigiza kama Peter Karanja, daktari Mwafrika anayetibu watu katika zahanati. Walowezi wanamtilia shaka kwa sababu ni Mwafrika. Wapiganaji wanamchukia kwa sababu anafanya kazi na Wazungu. Baadaye inagundulika kwamba baba yake mzazi, aliyeigizwa na Orlando Martins wa Nigeria, ndiye kiongozi wa siri wa Mau Mau. Mwisho wa picha daktari anasimama mbele ya umati wenye hasira akijaribu kuuzuia, naye anauawa.

Mwaka uliofuata, 1956, ikaja filamu nyingine ya Kenya iitwayo Safari, neno letu tena. Humo Cameron alikuwa upande wa pili kabisa. Aliigiza kama Mau Mau muuaji, anayewindwa porini na mwindaji wa Kizungu anayetaka kulipiza kisasi cha mwanawe.

Ziweke filamu hizi mbili sambamba, msomaji, utaona jambo lote. Mtu ni yuleyule, sura ni ileile, na nchi ni ileile. Waandishi walikuwa na masanduku mawili tu ya kumwekea Mwafrika. La kwanza ni la Mwafrika mwema, aliyesoma, mtiifu, ambaye lazima afe ili Mzungu ajifunze jambo. La pili ni la Mwafrika muuaji, ambaye lazima afe ili Mzungu apate amani. Sanduku la tatu halikuwepo. Mkikuyu aliyenyang'anywa shamba na anayelidai, mwenye akili timamu na hoja zake, hakuwemo katika filamu hizo. Makambi ya kizuizini hayakuwemo. Ilipita zaidi ya nusu karne ndipo serikali ya Uingereza, mwezi wa Juni 2013, ikatamka mbele ya bunge lake kusikitishwa na mateso yaliyofanyika, na kukubali kulipa pauni milioni 19.9 kwa walalamikaji 5,228. Sinema ilikuwa na nafasi ya kuyaona mapema. Haikutazama huko.

Mwanachuo mmoja aliwahi kuniuliza, nilipokuwa nikizungumzia filamu za aina hii darasani, iwapo watu weusi waliokubali kuigiza ndani yake hawakuwa vibaraka. Ni swali la haki, na si la kulikwepa. Cameron angeweza kukataa. Lakini tupime vizuri. Angekataa, nafasi ingechukuliwa na mwingine, au ingefutwa, na katika picha nzima asingebaki Mwafrika hata mmoja mwenye heshima. Tena, kuna tofauti kati ya aliyeandika maneno na aliyepewa kuyasema. Mwalimu wa shule ya kikoloni alilazimika kufundisha mtaala ulioandikwa London, wenye wafalme wa Uingereza na mito ya Uingereza. Walikuwemo walioufundisha kwa kuamini kila neno. Walikuwemo pia waliousoma kwa sauti ambayo mtoto mwerevu angeweza kusikia nyuma yake jambo jingine. Kitabu kilikuwa kimoja, darasa halikuwa moja. Wengi waliokuja kudai uhuru walipita mikononi mwa walimu wa namna hii ya pili.

Ndivyo ninavyomwona Cameron katika Simba. Maneno aliyopewa ni ya mwandishi, na mwandishi amelemea upande wake. Lakini uso ni wa Cameron. Katika hadithi ile yenye kelele nyingi, daktari Karanja ndiye anayeonekana kubeba uzito wa nchi: amekataliwa na wageni aliowatumikia na amefarikiana na nyumba alikozaliwa. Tunaambiwa tumlilie stelingi aliyeuawa kaka yake. Jicho la mtazamaji linakwenda kwa daktari. Sisemi kwamba hili linaisafisha filamu. Nasema tu kwamba ndani ya sanduku alilofungiwa, mtu yule alisimama wima, na mtu akisimama wima ndani ya sanduku, ufupi wa sanduku huonekana.

Mwaka 1959 Dearden alimwita tena, safari hii kwa filamu iitwayo Sapphire, iliyotengenezwa baada ya ghasia za ubaguzi za mwaka 1958 katika mtaa wa Notting Hill, London. Msichana anakutwa ameuawa, na polisi wanadhani ni Mzungu. Kisha anaingia ofisini kaka yake, daktari kutoka Birmingham, naye ni mweusi. Huyo kaka ni Cameron. Kule kuingia kwake tu, kabla hajasema lolote, kunageuza hadithi nzima: wapelelezi wanajitazama, na watazamaji ndani ya jumba la sinema nao wanajikuta wakijitazama. Filamu ile ilipewa tuzo ya filamu bora ya Uingereza. Mwaka 1960 televisheni ya BBC ilionyesha mchezo ulioitwa The Dark Man, ambamo aliigiza kama dereva wa teksi kutoka visiwa vya Karibi anayekabiliana na chuki za madereva wenzake. Sanduku la tatu, taratibu, lilianza kufunguliwa. Ila kumbuka kwamba lilifunguliwa kwa habari za London, si kwa habari za Afrika.

Kwa habari za Afrika mambo yalibaki kama zamani. Mwaka 1964 ilitoka Guns at Batasi, iliyoongozwa na John Guillermin. Inahusu kambi ya jeshi katika nchi ya Kiafrika iliyopata uhuru karibuni, isiyotajwa jina. Askari wanaasi. Cameron ni kapteni Abraham, afisa Mwafrika mtiifu anayejeruhiwa, na masajini wa Kiingereza wanamficha katika mesi yao. Kitabu kilichozaa filamu hiyo kilikuwa kimetoka mwaka 1962. Lakini msomaji wa Tanzania, Kenya au Uganda hawezi kuutaja mwaka 1964 pasipo kukumbuka Januari ile. Tarehe 20 askari wa Tanganyika Rifles waliasi katika kambi ya Colito, Dar es Salaam. Tarehe 23 ikawa Jinja, Uganda. Tarehe 24 ikawa Lanet, Kenya. Tarehe 25 makomando wa Kiingereza walishuka Dar es Salaam kwa ombi la serikali. Tarehe 1 Septemba mwaka huohuo jeshi jipya, Jeshi la Wananchi, likaundwa.

Maasi ya kweli yalihusu mishahara, na yalihusu swali kwamba nchi imepata uhuru, mbona wakubwa jeshini ni walewale wa zamani? Swali hilo ndilo lililotulazimisha kuunda jeshi la namna nyingine. Katika filamu swali hilo linasikika kwa mbali, kama redio ya jirani. Kinachosikika karibu ni ushupavu wa sajini meja wa Kiingereza, aliyeigizwa vizuri sana na Richard Attenborough. Na Cameron? Sehemu kubwa ya picha amelala kitandani akiwa na jeraha. Waingereza na waasi wanabishana juu ya nani amchukue, naye ndiye Mwafrika mwenye cheo anayebishaniwa. Sijui mfano ulio wazi zaidi wa jinsi hadithi za Afrika zilivyokuwa zikisimuliwa: mwenyewe amelazwa, wageni wanaamua.

Chuoni tulizoea kuigiza Mabepari wa Venisi, tafsiri ya Mwalimu Nyerere. Kila mwaka wanachuo walipigania kuwa Shailoki au Poshia, na hakuna aliyetaka kuwa mtumishi anayeleta barua. Nilikuwa nikiwaambia kwamba mchezo huvunjika kwa mleta barua. Shailoki hata akisahau mstari, watazamaji watamngojea. Lakini mtumishi akiingia akicheka kizembe, jumba la Poshia linageuka kuwa bweni la wavulana. Yeye ndiye anayewathibitishia watazamaji kwamba dunia ile ipo. Kazi hiyo ndiyo aliyoifanya Cameron katika mamia ya saa za televisheni na filamu. Mwaka 1965 alikuwa msaidizi wa James Bond huko Bahamas katika Thunderball. Mwaka 1966, katika Doctor Who, alikuwa mwanaanga, miaka mitatu kabla ya binadamu yeyote kukanyaga mwezini. Hakuna aliyeeleza kwa nini mwanaanga ni mweusi. Aliketi tu ndani ya chombo chake akifanya kazi, na mtoto mweusi aliyekuwa akitazama jioni ile pale London aliona jambo ambalo vitabu vyake vya shule havikuwa nalo.

Sasa nitimize ahadi yangu ya kuwaonyesha mahali mlipomwona. Mwaka 1976 mwongozaji Moustapha Akkad, mzaliwa wa Syria, alitoa filamu juu ya mwanzo wa Uislamu, ijulikanayo kama The Message. Kwa watu wa pwani yetu filamu hiyo haina haja ya kuelezwa. Imetazamwa majumbani miaka na miaka, katika kanda na baadaye katika santuri. Basi mkumbukeni Najashi, mfalme wa Habasha, aketiye kuwasikiliza wakimbizi Waislamu pamoja na wajumbe wa Makureshi waliokuja kutaka warudishwe. Katika toleo la Kiingereza, mfalme yule ni Earl Cameron. Nafasi yake ni fupi. Lakini ziangalie filamu zake zote zilizohusu Afrika, utaona kwamba hapa mambo yamepinduka. Mara hii Mwafrika ndiye aliyeketi, wageni ndio waliosimama. Anasikiliza pande zote mbili, anatafakari, anaamua, na uamuzi wake unaokoa watu. Ilibidi hadithi itoke katika karne ya 7 ili mwigizaji mweusi wa karne ya 20 apate kuwa mfalme mwenye haki. Bilali katika toleo hilohilo aliigizwa na Johnny Sekka, mzaliwa wa Senegal, msaidizi mwingine ambaye majina ya wakubwa yalimfunika.

Mwaka 1979 aliondoka. Alikuwa amejiunga na dini ya Kibahai mwaka 1963, na kwa ajili ya imani hiyo alihamia Visiwa vya Solomon katika Bahari ya Pasifiki, akaishi huko miaka kumi na mitano hivi. Katika mji wa Honiara aliendesha duka la kuuza aiskrimu. Watu wa sinema wataona kwamba huo ulikuwa mwisho wa hadithi. Mimi naona unatueleza jambo juu ya hadithi yote: mtu huyu hakuwahi kudhani kwamba thamani yake iko katika kutazamwa. Aliyeweza kuuza aiskrimu kwa furaha ndiye aliyeweza kuingia kwa dakika tano katika filamu ya mtu mwingine bila uchungu usoni.

Aliporudi Uingereza katika miaka ya 1990 alikuwa mzee, na kazi ikamtafuta tena. Mwaka 2005, akiwa na miaka 87, aliigiza katika The Interpreter ya Sydney Pollack, pamoja na Nicole Kidman na Sean Penn. Alikuwa Edmond Zuwanie, rais wa nchi ya kubuni ya Matobo, mkombozi aliyegeuka kuwa dhalimu. Kwa filamu hiyo ilitungwa hata lugha ya kubuni, iliyoitwa Ku, kwa kuchota katika lugha za Kibantu, Kiswahili na Kishona zikiwemo. Karibu na mwisho mzee yule analazimishwa kusoma maneno aliyoyaandika mwenyewe zamani, alipokuwa mpigania uhuru. Hakuna kelele. Kuna uso wa mtu anayekutana na ujana wake na kushindwa kuutazama. Sisi wa bara hili tumeiona sura hiyo katika maisha ya kweli, na tunajua ilivyo vigumu kuiigiza bila kuikebehi.

Kisha, mwaka 2010, Inception. Wahusika wanafika Mombasa kumtafuta mtaalamu wa madawa ya usingizi, na katika chumba cha chini wanamkuta mzee mwenye upara akiwalinda watu waliolala. Ni yeye tena, akiwa amekwisha kutimiza miaka 92. Mitaa ya Mombasa iliyoonyeshwa katika filamu hiyo ilipigwa picha Tangier, nchini Moroko. Basi hesabu mwenyewe: Kenya iliyojengwa Pinewood mwaka 1955, nchi isiyo na jina mwaka 1964, Matobo mwaka 2005, na Mombasa iliyoko Tangier mwaka 2010. Nchi nyingi za Afrika alizozitumikia huzioni kwenye ramani yoyote. Aliwaigiza watu wetu kwa miaka 55, na filamu zile zilikuwa bado hazijatufikia tulipo.

Swali la kwanza sasa tunaweza kulijibu. Ngoma aliyoicheza haikuwa yake, wala haikuwa yetu. Ilipigwa na watu waliotujua kwa masimulizi. Alichokuwa nacho yeye ni mwendo wake tu ndani ya ngoma hiyo, na mwendo ule ulikuwa wa mtu huru. Kwa kijana wa leo anayeshika kamera Dar es Salaam, Nairobi au Kampala, somo lake ni mawili. La kwanza, andika ngoma yako mwenyewe, kwa sababu hata mchezaji bora hawezi kuigeuza ngoma ya mwenziwe iwe ya kwao. La pili, unapoandika, usimsahau msaidizi. Sinema zetu nazo zimekwisha kupata masanduku yake: mganga wa kuchekesha, mama wa kambo mkatili, mtumishi wa ndani asiye na jina. Huyo mtumishi wa ndani ana kwao, na ana mama yake.

Swali la pili lilikuwa la tuzo. Uingereza ilimpa nishani ya heshima ya CBE mwaka 2009, na Chuo Kikuu cha Warwick kikampa shahada ya heshima mwaka 2013. Hiyo ni tuzo ya ugenini, nayo si haba. Lakini nyumbani kwao, Bermuda, majumba ya sinema yaliwatenga watu weusi katika viti vyao hadi mwaka 1959, wananchi walipoyasusia kwa majuma machache na ubaguzi ule ukaondolewa. Maana yake ni kwamba mwaka 1951, Pool of London ilipotoka, binamu zake Cameron waliotaka kumwona kwenye sinema ya kwao wangekalishwa kando kwa sababu ya rangi yao. Mcheza ugenini alikuwa hana hata pa kutunzwa kwao.

Mwezi wa Desemba 2012 jumba la michezo la mji mkuu wa Bermuda, Hamilton, lilipewa jina lake. Alikuwa na umri wa miaka 95, akili yake ikiwa timamu, naye aliishi miaka mingine saba na ushei, hadi tarehe 3 Julai 2020 alipofariki nchini Uingereza akiwa na miaka 102. Leo hii mtoto wa Bermuda, awe na rangi yoyote, anaingia katika jumba lile na kuketi kiti apendacho, na juu ya mlango anasoma jina la mtu ambaye katika maisha yake yote hakuwa stelingi.

Methali ya wahenga ilitimia. Ilichelewa tu.